Gideoni wa Kukodi

Jumatatu, 9 Juni
Majengo, Dodoma. Miaka ishirini na miwili natengeneza filamu kuhusu watu na kwao. Kwao wavuvi, kwao wachimba chumvi, kwao kila mtu! Sasa tamasha la filamu linataka filamu ya kwetu mimi. Kwetu ni Mlali. Niliondoka nina miaka sita. Kigogo changu kinaishia kwenye salamu, "mbukwenyi". Tumbo limechomoza, magoti yanalia. Kwenye picha nitaonekana kama afisa ardhi.
Nimepata dawa! Nimemkodi Optatus, mwigizaji wa hapa Chimwaga, mrefu, mpole. Ataniigiza mimi, Gideoni, nikirudi nyumbani. Mimi nitakaa nyuma ya kamera.

Jumatano, 11 Juni
Mlali. Vumbi. Nilimweleza Shangazi Paulina, dada wa marehemu baba, kwamba huyu ndiye Gideoni wa filamu. Akamtazama Optatus, akanitazama mimi. Akauliza, na wewe je? Nikasema mpiga picha. Akasema haya.
Optatus akapiga goti, akamwamkia kwa Kigogo kireeefu. Kumbe mama yake ni Mgogo wa Mpwapwa! Shangazi alicheka mpaka akashika ukuta.
Kuku alichinjwa. Gideoni alipewa firigisi. Mpiga picha alipewa shingo.

Ijumaa, 13 Juni
Kaburi la mama. Majani makavu yamefika kiunoni. Nilitaka yabaki, yanapendeza kwenye picha. Optatus akaazima jembe, akaanza kupalilia. Nikapaza sauti asimame, kata! Akaendelea. Majirani wakaja kumsaidia. Shangazi akasema, bila kuniangalia, kwamba hatimaye mtoto wa Angelina amekuja.
Angelina ni mama yangu.
Nilifuta lenzi. Haikuwa na kitu.

Jumamosi, 14 Juni
Makubwa! Shangazi kampa Optatus shamba la mama alime msimu ujao. Nikapinga: huyo anaigiza tu!
"Najua," akasema. "Lakini amekuja. Na wewe, mpiga picha, si una kwenu? Nenda ukawasalimie."
Optatus ameomba abaki kidogo. Anataka kuliona shamba vizuri.

Jumapili, 15 Juni
Dodoma, peke yangu. Nimechoka hadi kope. Nimetazama picha zote. Shangazi amesema kweli. Goti lile lilikuwa la kupigwa na mimi. Jembe lile lilikuwa la kushikwa na mimi. Nimelia. Lazima nirudi Mlali nikamwombe radhi, uso kwa uso.
Tukio la radhi nimeshaliandika, kurasa tatu. Zito mno kwangu. Nimempigia Batholomeo, mwigizaji, fundi wa kulia machozi. Ana nafasi Alhamisi.