Isale Juu ya Televisheni

Jumatatu, 9 Juni

Likizo imeanza, na binti yangu Eva ameshika pedi ya gemu tangu chai ya asubuhi. Kidato cha Nne huyu! Mtihani Novemba! Jirani yangu Hosea kachungulia dirishani, akasema mtoto amenipanda kichwani. Hosea, ambaye hata mbuzi wake hawamsikii! Nimemwapia kwamba shule zikifunguliwa Eva atakuwa ameshaacha. Mimi Nikodemo nikisema nimesema.

Jumanne, 10 Juni

Nimepata dawa! Nimekata isale, jani la heshima la mababu, mpakani mwa kihamba, shamba letu la migomba, nikaifunga kwenye televisheni. Mchagga gani atavuka isale? Mke wangu Ester amesema isale ni ya mipaka na ya kuombana msamaha, si ya kumnyima mtu tamthilia yake. Nimekaza fundo. Kichwa cha nyumba hakijibu kila kitu.

Jumatano, 11 Juni

Ushindi. Nyumba kimya. Eva hakugusa kitu, ameaga anakwenda kwa Hosea kujisomea na watoto wa pale. Mama yake kamsindikiza. Nimekula ndizi peke yangu, kwa furaha. Zilikuwa zimepoa.

Ijumaa, 13 Juni

Hosea kanishukuru mbele ya watu! Eti Eva anawafundisha wanawe gemu lao vizuri mno, na Ester haikosi tamthilia hapo kwake. Imeniuma sana. Lakini isale haitoki.

Jumamosi, 14 Juni

Timu yangu inacheza leo. Kwenda kuangalia kwa Hosea? Bora nife. Nimeisogeza isale kando. Kidogo tu! Tukapata goli, nikaruka, nikapiga kelele, nikageuka. Ester na Eva mlangoni. Eva ameitazama isale sakafuni, kisha akanitazama mimi. Aibu gani hii!

Jumapili, 15 Juni

Ester ameamua: aliyeivuka isale aombe msamaha kwa isale. Nimempelekea Eva jani bichi kwa mikono miwili, Hosea akiwa shahidi. Shahidi anayecheka! Isale haikataliwi. Eva kaipokea, akasema amenisamehe, ila baba naye ashike pedi ya pili. Kanifunga saba bila.

Jumatatu, 16 Juni

Nimekata isale nyingine, kubwa zaidi. Safari hii naifunga kwenye gemu lenyewe, na sitaki kusikia kilio cha mtu. Naifunga leo leo, nikishamshinda Eva mara moja tu. Tumecheza tangu asubuhi. Isale imeanza kunyauka. Eva ameomba ruhusa akajisomee.

Nimemkatalia.