Shingo Yangu na Kuku wa Shangazi

Wanyalukolo, ndugu zangu, leo nimejivua nguo ukweni. (Si nguo za kweli. Za kweli ningeziokota nikavaa.) Wahenga wanasema ukivuliwa nguo, chutama. Sasa aliyejivua mwenyewe, mbele ya baba mkwe, anachutamia wapi?

Niko stendi ya Njombe, ndani ya gari linalosubiri abiria wa Makambako. Acheni niandike wakati linajaa. Nikikaa bure nitaanza kuwaza, na nikiwaza nitashuka nianze kutembea kwa miguu.

Asubuhi nilitoka Makambako na mshenga wangu, Mzee Mligo. Tulikuwa tunakuja huku Njombe, mtaa wa Ramadhani, nyumbani kwa kina Lusungu, kupokea jibu la posa. Wale mnaonijua mnajua Lusungu ni nani kwangu. Alileta kibandani simu iliyotumbukia kwenye ndoo ya maziwa, nikachelewesha kuitengeneza makusudi ili arudi kuiulizia. Leo wazee wake walikuwa wanasema ndiyo au hapana.

Njiani Mzee Mligo akanipa masharti.

"Obedi, pale mimi ndiye mdomo wako. Wewe huongei. Mkwe akiongea sana wanasema ana kiherehere."

"Na wakiniuliza mimi mwenyewe?"

"Unajibu kwa kichwa. Kichwa kinatosha."

"Na kama wakiuliza..."

"Obedi!"

"Nimenyamaza, mzee."

Tatizo langu mimi mikono haijui kupumzika. Kibandani nikikosa simu ya mteja nafungua redio yangu nzima, halafu naifunga. Leo ndani ya gari nilipandisha na kushusha zipu ya koti mpaka mama aliyekaa jirani akanishika mkono. "Baba, hiyo zipu imekukosea nini?" Nikaiacha. Nikahamia kwenye vifungo.

Tukafika. Ukungu mzito, baridi ya kukata masikio, na umeme umekatika. Sebuleni kulikuwa na jiko la mkaa katikati, makochi yenye vitambaa vya kufuma na dirisha moja lenye pazia zito. Kamwene, kamwene, tukasalimiana na wote. Mimi nikapewa kigoda karibu na ukuta.

Baba Lusungu ni mzee wa kanisa, mkulima wa parachichi, mtu ambaye hata ukimtekenya hacheki. Lakini Lusungu alikuwa ameshanionya kwamba baba yake ananguruma tu, neno la mwisho ni la Shangazi Yusta. Huyu shangazi ni mwenyekiti wa akina mama usharikani. Vijana wote wa Ramadhani wanamjua kwa mahubiri yake dhidi ya simu. Kwake gemu ni mtego wa shetani, na hana utani katika hilo.

Wazee wakaanza na hali ya mvua. Wakaenda kwenye viazi. Wakarudi kwenye mvua. Miguu yangu ikaanza kucheza yenyewe, Mzee Mligo akaikanyaga. Vidole vikaanza kupiga ngoma kwenye goti, akanikoholea. Jamani, jibu langu liko vinywani mwao na wao wanajadili magugu!

Ndipo Shangazi Yusta akavuta kigoda chake mpaka ubavuni kwangu. Akanipenyezea simu chini ya kitenge.

"Mwanangu, si wewe ndiye fundi simu?" akaninong'oneza.

"Ndiyo, shangazi."

"Kuku wangu amekataa kuruka."

"Kuku?"

"Wa kwenye gemu. Nitazamie. Na ukimwambia mtu, harusi huioni."

(Mwenyekiti wa akina mama. Wa usharika. Mtego wa shetani uko chini ya kitenge.)

Gemu lenyewe linachezwa kwa uso. Kamera ya mbele inakutazama. Ukitikisa kichwa juu na chini, kuku anaruka mto na vifaranga wake. Ukitikisa kulia na kushoto, anamkwepa mwewe. Lakini la shangazi lilikuwa limeganda, limeandika tu kwamba uso hauonekani.

Nikafurahi, sitaki kuwaficha. Nimepata kazi ya mikono, na nimepata mlango wa kuingilia kwa mwenye neno la mwisho. Nikaingia kwenye setingi. Ruhusa ya kamera ilikuwa imezimwa.

"Shangazi, ulizima wewe?"

"Iliniuliza kama nakubali inipige picha. Nikakataa. Nilikuwa sijavaa vizuri."

Nikaiwasha. Bado. Nikatazama kioo cha kamera, kimeganda mafuta. (Anacheza huku anakaanga maandazi, alikiri mwenyewe.) Nikakifuta kwa pindo la shati. Bado. Hapo nikajua ni giza la sebule. Nikasogeza kigoda hadi dirishani, nikafungua pazia kidogo, nikaikinga simu nyuma yake, nikawapa wazee ubavu. Kamera ikaniona nusu. Ikataka nivue kofia. Nikavua. Nikamsikia Baba Lusungu akimwambia Mzee Mligo kwamba kijana ana adabu, amevua kofia bila kuambiwa.

Kuku akaamka! Sasa fundi gani anarudisha simu bila kuijaribu? Nikatikisa kichwa, kuku akaruka.

"Usije ukamuua," shangazi akaninong'oneza. "Akifa tunaanza upya, na nimemlea tangu Kwaresima." Kisha akaitwa arudi mahali pake, kwa sababu kikao chenyewe kilikuwa kinaanza.

Nilipaswa kumwekea simu mfukoni mwangu nitulie. Lakini kuku alikuwa ameshaingia njiani na vifaranga nyuma, na kumsimamisha sikujua.

Yanayofuata nilisimuliwa baadaye na Mzee Mligo, akiwa amenishika kola. Mimi masikio yalikuwepo ila akili ilikuwa bandani kwa kuku.

Baba Lusungu akasema wangependa kumsikia kijana mwenyewe. Mzee Mligo akajibu, "Ana haya sana huyu. Muulizeni tu, atajibu kwa kichwa."

"Vema. Kijana, pombe ya ulanzi unakunywa?"

Ukaja mto. Juu, chini, juu, chini.

"Unakunywa sana?"

Mto mpana zaidi. Nikaitikia kwa nguvu, na ulimi nje.

"Hm. Kanisani unakwenda?"

Mwewe. Kulia, kushoto, kulia.

Mzee Mligo akakohoa. Nikadhani ni moshi wa mkaa.

"Kijana, nakuuliza mbele ya watu hawa. Una mke mwingine huko Makambako?"

Mto. Nikaitikia vizuri kabisa, tena nikatabasamu, maana vifaranga wote walivuka.

Jikoni sufuria ikaanguka. Mimi nikasema moyoni, hawa watu hawawezi kutulia?

"Na binti yetu je? Unampenda?"

Mwewe wawili! Mmoja kila upande! Nilikitikisa kichwa mpaka masikio yakapiga makofi.

Mzee Mligo akakipiga teke kigoda. Nikaruka juu, simu nikaificha mgongoni, nikasema kwa sauti, "Ndiyo!" Nilikuwa naitikia nini, sijui.

Mkaa ukalia kidogo. Baba Lusungu akanirudia maswali yote, moja baada ya jingine, polepole, pamoja na majibu yangu. Njombe ile ile ya kuvaa makoti mawili, mimi jasho linanitiririka mgongoni.

"Hapana, mzee! Ulanzi hapana! Kanisani ndiyo! Mke hapana! Lusungu ndiyo, ndiyo kabisa!"

"Sasa tuamini kichwa au mdomo?"

"Mdomo, mzee."

"Mdomo wako si Mzee Mligo?"

Mzee Mligo akatazama viatu vyake. Nikamtazama Shangazi Yusta. Shangazi akawa anachochea mkaa kama mtu aliyeajiriwa kwa kazi hiyo. Nikisema ukweli, namvua nguo mwenye neno la mwisho mbele ya kaka yake. Nikinyamaza, mimi ni mlevi mwenye mke, na nimekuja kuwatania.

Kisha nikamwona Lusungu mlangoni mwa jiko, ameshika mfuniko, macho yamejaa machozi. Hapo niliumia, ndugu zangu. Kucheka kote kukaniishia. Nikasema liwalo na liwe, nikafungua mdomo niseme habari ya kuku.

"Mwacheni kijana," Shangazi Yusta akadakia, amesimama. "Huyu mgonjwa."

"Mgonjwa wa nini?"

"Shingo. Nimekaa naye pale nimeona. Inacheza yenyewe, yeye hata hajui. Hamkumbuki marehemu babu? Si ilimwanza hivi hivi?"

Wote wakaitazama shingo yangu.

"Ni kweli, kijana?" akauliza Baba Lusungu, na sauti yake ilikuwa imeshalegea.

"Ni kweli, mzee." (Na shingo, Mungu anisamehe, nikaisaidia kucheza kidogo.)

Mtu yule asiyecheka akainuka, akaingia chumbani, akatoka na kichupa cha mafuta ya kuchulia. Akanikalisha mbele ya jiko. Mikono inayopogoa miparachichi ikaishika shingo nzima isiyo na kosa, ikaichua mpaka mifupa ikaitikia jina. Nililia. Wakasema ndiyo ugonjwa unatoka. Lusungu akaleta kitambaa cha maji ya moto, akaninong'oneza, "Pole, kwa nini hukuniambia kama unaumwa?" Nikataka kumjibu. Shangazi akakohoa. Tukaombewa, mimi na shingo yangu, wakanifunga shali la sufu kuanzia mabegani mpaka chini ya masikio.

Ndipo likatoka jibu.

"Binti tutakupa," akasema Baba Lusungu. "Lakini harusi haiwezi kufungwa na mtu anayekataa kwa kichwa mbele ya mchungaji. Upone kwanza. Utakuwa unakuja hapa kila Jumamosi, nikuchue mwenyewe."

Nikauliza nani atathibitisha kwamba nimepona.

"Shangazi yako. Yeye ndiye aliyeugundua."

Shangazi akatusindikiza hadi njiani. Mzee Mligo alipotangulia kidogo, akanyoosha mkono, nikamrudishia simu.

"Kuku wangu mzima?"

Nikakumbuka wale mwewe wawili. Nikakumbuka teke la kigoda. Nikainama kutazama kioo, na shangazi akatazama pamoja nami.

Akaizima simu. Akaitia chini ya kitenge. Akanirekebishia shali taratibu, kwa huruma nyingi.

"Basi, mwanangu, hiyo shingo itachukua muda kupona."

Gari limejaa, tunaondoka. Mtakaonicheka, njooni mnichekee kwa mbele. Nyuma siruhusiwi kugeuka.