Mioyo Sitini na Mitatu, Muhuri Mmoja

Jumatatu, 3 Juni

Siku kubwa! Msimamizi wetu anastaafu. Mkuu wa kumbukumbu za wagonjwa ametangaza kwamba kiti chake kitakwenda kwa atakayemaliza faili nyingi zaidi za kliniki ya moyo kufikia Ijumaa, bila makosa. Maneno mawili ya mwisho aliyasema kwa sauti ndogo. Tumo wawili tu, mimi na karani mwenzangu, Miwani. Yule husoma faili ukurasa kwa ukurasa, hata upande usioandikwa kitu. Kobe! Nimefika nyumbani nikamwambia mama mkwe ajiandae kuwa mkwe wa msimamizi. Alikuwa anameza kidonge chake cha presha. Akauliza kama wasimamizi nao husahau kufunga geti.

Jumanne, 4 Juni

Nimegundua! Kazi yetu ni kugeuza maneno ya daktari kuwa misimbo, yaani herufi na namba, ili kompyuta ihesabu nani anaumwa nini na kwa sababu gani. Sasa, faili nyingi za moyo zinasema mapigo yamepungua. Na wengi wanatumia kidonge kilekile cha presha, ambacho kila mtu anajua kinaweza kupunguza mapigo. Kusoma kwa nini tena? Madhara ya dawa, basi! Mchana nimekwenda kwa fundi mihuri. Msimbo wa mapigo na msimbo wa dawa, yote kwenye muhuri mmoja. Akauliza ni wa kampuni gani. Nikamwambia ni wa maendeleo.

Jumatano, 5 Juni

Pa! Pa! Pa! Faili sitini na tatu kabla ya chai ya saa nne. Miwani, kumi na moja. Akanieleza, kwa upole wake ule unaokera, kwamba madhara ya dawa ni pale mgonjwa alipoimeza kama alivyoandikiwa na bado ikamdhuru. Akimeza ya mwenzake, tunaandika sumu. Akiikosa au akiipunguza, dozi pungufu. Akamalizia kwamba haraka haraka haina baraka. Nikamjibu kuwa polepole nayo haina cheo. Nimecheka peke yangu mpaka kidau cha wino kikapinduka.

Alhamisi, 6 Juni

Kompyuta imetoa onyo jekundu. Watu sitini na watatu wamedhuriwa na dawa moja! Madaktari wanakimbia koridoni, mfamasia amekiondoa kidonge kwenye rafu zote. Nakiri nilifurahi kwanza. Hospitali nzima imetikiswa na kazi ya mikono yangu! Kisha mama mkwe akapiga simu kutoka dirisha la dawa. Kidonge chake cha mwisho alikimeza jana, na leo anaambiwa kimezuiwa. Ameniagiza nimtafute mpumbavu aliyefanya hivi. Nimeahidi kumtafuta.

Ijumaa, 7 Juni

Aibu. Miwani amepewa faili zangu zote azisome upya. Waliodhuriwa kweli ni wanne. Mmoja wa waliobaki ni mkimbiaji wa mbio ndefu, moyo wake hupiga taratibu tangu ujana. Mwingine ni babu aliyemeza vidonge vya mkewe akidhani ni vyake. Mama mmoja hata hajaanza dawa! Mkuu ameufungia muhuri wangu kabatini. Kiti amepewa Miwani. Kidonge kitarudi rafuni kesho mchana.

Jumamosi, 8 Juni

Asubuhi mama mkwe ameanguka jikoni. Presha imepanda. Nimembeba mpaka kwenye gari, mke wangu akilia, na njia nzima nimekuwa nikihesabu pumzi zake. Niliogopa. Sijawahi kuogopa hivi. Wamemlaza.

Jumatatu, 10 Juni

Amepona! Presha imeshuka, na anawafundisha wauguzi kutandika vitanda. Ameuliza kama nimempata yule mpumbavu. Nimesema bado tunachunguza.

Saa tano Miwani akaniwekea faili mezani. Ya mama mkwe! Daktari ameandika: presha imepanda sana, mgonjwa amekosa dawa siku mbili, sababu ni kuzuiwa na hospitali. Nikaandika dozi pungufu, na sababu yake, kwa mkono wangu mwenyewe, herufi moja moja. Machozi yalinilenga. Miwani akapitia, akasema anaona sasa nimejifunza.

Nimejifunza kweli! Kosa halikuwa muhuri. Kosa lilikuwa kuwarundika watu wote kwenye dawa moja. Ningewagawa kwenye dawa saba, tisa kwa kila moja, kompyuta isingeshtuka hata kidogo. Jioni nimempitia fundi. Mihuri saba, itakuwa tayari keshokutwa.