Mimi Ndiye Ninayeruka

Jumatatu, 7 Aprili

Kocha Kitabatake ametangaza kikosi. Nimo! Nilijua nimo. Mwenye mabega kama yangu hawezi kuachwa nje. Kisha akataja nafasi. Mrukaji: Imazeki Rinon. Mbebaji: Sugimori Towako, yaani mimi. Mwaka wa tatu huu.

Kwa asiyejua kazi yetu ya kuogelea kisanii (ingawa shajara hii hairuhusiwi kusomwa na mtu, hasa wewe Rinon): mbebaji anachuchumaa chini ya maji. Mrukaji anasimama mabegani mwake. Wenzetu sita wako chini zaidi, wanamsukuma mbebaji nyayo. Mbebaji ananyooka kwa nguvu zote, na Rinon anachomoka majini, anapinduka hewani, ukumbi mzima unapiga makofi. Mimi naona mapovu.

Ningevumilia. Tatizo ni Bibi. Mwaka jana alitutazama kwenye televisheni, akapiga simu kuuliza mimi nilikuwa yupi. Sote nane tuna vazi moja, rangi moja ya mdomo, kibana pua kimoja, na nywele tumezipaka jelatini zikagandamana na fuvu. Hata mama mzazi angechagua kwa kubahatisha. Nikamwambia mimi ndiye ninayeruka. Ilinitoka tu.

Bibi akautangazia mtaa wake wote kule Kishiwada, ambako hawajaniona tangu nikiwa mchanga. Na sasa, mwezi ujao, mashindano yako hapa hapa Osaka, na Bibi anakuja na akina mama wa mtaa. Wamekodi basi. Wanakuja kuniona nikiruka. Bibi ana miaka themanini na minane, hajawahi kuaibika mbele ya wanawake wale, na mimi ndiye nitakayemvua nguo hadharani.

Njia ya mwongo fupi, wanasema. Yangu ina mwaka mzima na bado naiona lami mbele. Lazima niwe mrukaji kabla ya Mei.

Jumatano, 9 Aprili

Mpango umepatikana, tena bila jasho. Mrukaji anatakiwa awe mwepesi. Rinon ni mwepesi kwa sababu ametoka Kanazawa, anaishi peke yake bwenini, na mapishi yake ni msiba. Basi nitamlisha. Akinenepa, Kocha atatafuta mwepesi mwingine. Na mimi nitakuwepo, nimesimama karibu, nikiwa mwepesi.

Baada ya mazoezi nikampeleka kwa muuza takoyaki karibu na stesheni. Akala madonge yote ya pweza, ya moto, huku akipuliza vidole. Akaniuliza mbona mimi sili. Nikasema nimeshiba. Tumbo langu likanisuta kwa sauti, nikakohoa kulifunika. Rinon akasema tangu aje Osaka hakuna aliyemjali hivyo. Machozi yakamlengalenga. Akaniita dada. Maskini, hana habari.

Jumamosi, 12 Aprili

Leo: mchuzi wa kari na wali, sahani ya kujaza. Halafu mochi, zile keki laini za mchele, zenye maharage matamu ndani. Rinon alikula kwa adabu, kisha kwa bidii, kisha akaomba nyongeza. Mimi nilikula tango. Nilitegemea nitajisaidia na makombo yake. Hakubakisha kombo.

Anapendeza akishiba, siwezi kukataa. Anazungumza. Alinisimulia theluji ya kwao na paka wao aliyeogopa theluji. Nilicheka mpaka nikasahau kwamba ninamhujumu.

Alhamisi, 17 Aprili

Dawa inafanya kazi. Leo Rinon alipokanyaga mabega yangu majini nikaisikia tofauti mara moja. Kanenepa! Nikatabasamu chini ya maji, nikameza mengi.

Kisha Kocha akagonga ngazi ya bwawa kwa chuma chake, ko, ko, ko, ndiyo hesabu yetu, nikanyooka. Au nilijaribu. Mgongo ulilia. Rinon alitoka majini mpaka kiunoni, akarudi. Tukarudia. Kiunoni tena. Sauti ya Kocha ikatujia kwa spika ya chini ya maji, na ile spika huna pa kuikimbia: "We Towako! Umelala huko chini? Nikuletee mto?"

Lawama yote kwangu. Rinon hakuambiwa neno. Nimeongezewa mazoezi ya kunyanyua vyuma kila asubuhi kabla wenzangu hawajaamka.

Nikiwa nimelala chali kwenye mkeka ndipo nilipong'amua. Ninayemnenepesha ndiye ninayembeba. Hili sikulifikiria. Mtu mwingine angeacha hapo. Lakini nikiacha sasa, takoyaki zote zile zitakuwa zimekwenda bure. Jioni nikamnunulia Rinon kipande cha nguruwe wa kukaanga.

Jumanne, 22 Aprili

Mbinu mpya: niruke mwenyewe, Kocha aone kwa macho yake. Nilimwendea kwa heshima zote nikamvika kilemba cha ukoka. Nikasema kocha wa kiwango chake anajua kwamba mbebaji hawezi kukamilika mpaka aelewe moyo wa mrukaji. Akasema haya, kaelewe.

Rinon mwenyewe akajitolea kunibeba. Nikapanda mabegani mwake. Ko, ko, ko. Nikaruka.

Niandike ukweli hapa, maana ni pangu. Kwa kufumba na kufumbua niliona bwawa lote kutoka juu: maji, saa ya ukutani, fundi wa bwawa na ufagio wake, Kocha akiwa amekunja mikono. Kuzuri kule juu. Ningeweza kukaa.

Kisha nikatua kwa tumbo. Fundi aliangusha ufagio. Kocha alisema amefundisha miaka arobaini, amewaona wanaoruka mbele na wanaoruka nyuma, anayeruka ubavuubavu ndiyo kwanza anamwona leo. Rinon akaibuka, pua inamchuruzika damu. Kisigino changu. Naye ndiye aliyeniomba radhi, eti aliiweka pua mahali pabaya.

Kocha akaniita pembeni. Nikajua leo ni leo. Hakufoka, na hilo likanitisha zaidi. Alisema: "Mwanangu, sakafu ikitaka kuwa dari, wenye nyumba watalala wapi?" Halafu akaturudisha majini kila mtu na nafasi yake, na hapo lile jambo likatokea. Nilinyooka, na Rinon akaenda juu kuliko siku zote. Vile vyuma vya asubuhi! Na Rinon naye amepata miguu. Kumbe hakunenepa, amejaa nguvu. Alikuwa na njaa tu, msichana wa watu.

Kocha akamuuliza anakula nini siku hizi. Akasema dada Towako ananilisha. Kocha akanigeukia, mbele ya timu nzima, akainama kunishukuru. Akasema hatimaye nimeelewa maana ya timu. Wote wakapiga makofi. Nami nikainama. Ningefanya nini?

Jumamosi, 3 Mei

Mashindano kesho. Kuruka sitaruka, hilo nimelikubali kama mtu mzima. Lakini kudanganya bado kunawezekana, kwa kuwa tunafanana. Mpango ni huu: tukimaliza, Rinon anabaki chumba cha kubadilishia nguo. Mimi natoka mbio, maji yananitiririka, rangi bado usoni, namkumbatia Bibi. Nani atajua?

Nilimwambia Rinon kwamba Bibi ni mzee, akiona watu wengi anachanganyikiwa. Akasema sawa dada, nitajificha hata chooni. Kisha tukayeyusha jelatini kwa maji ya moto kuijaribu, tukapakana nywele kwa brashi kama watoto. Alinipaka taratibu, asiniunguze masikio. Nilikuwa na furaha, sijui kwa nini.

Bibi amepiga simu. Akina mama wameshona bango. Limeandikwa RUKA TOWAKO.

Jumapili, 4 Mei

Sijui nianzie wapi.

Nianzie chini ya maji. Nilizisikia nyayo za Rinon mabegani, zimetulia. Wenzangu wakasukuma. Nikanyooka mpaka nikadhani goti litafyatuka, na uzito wake ukaniondoka. Ukakaa sana huko ulikokwenda. Nikaanza kuwaza labda hatarudi. Kelele za watu zikapenya mpaka chini nilipo, na haijawahi kutokea nikazisikia.

Tumekuwa wa pili! Kocha hajamtukana mtu hata mmoja. Tulirukaruka ukumbini tumekumbatiana, sote nane, tunalia rangi zikatushuka mashavuni. Mpango nikausahau kabisa. Rinon naye kausahau. Alikuwa amening'inia shingoni mwangu pale bango lilipotokea kwenye kona.

Mbele ya bango, Bibi. Nyuma yake, mtaa mzima.

Bibi akanitazama. Akamtazama Rinon. Akanitazama tena, usoni hana kitu. Kisha akanipita, akamkumbatia Rinon. "Towako, mjukuu wangu! Umeruka kweli!"

Akina mama wakashangilia. Rinon akafungua mdomo, akanitupia jicho. Nikatikisa kichwa kwamba nyamaza. Akainama, akasema asante Bibi, na nadhani alimaanisha, maana hakumwachia.

Bibi akanigeukia mimi, akanisalimu kwa ile sauti ya kusalimia wageni. Akanishukuru kwa kumtunza mjukuu wake. Wenzake walipokuwa wakipiga picha na Rinon, akanivuta sikio mpaka usawa wa mdomo wake.

"Mpumbavu wewe. Mabega hayo nimekurithisha mimi, nisiyajue? Nilikuona mwaka jana, ulitokeza kidogo. Siku nyingine ukitaka kudanganya, niulize kwanza mimi mwenye uzoefu." Akaniachia sikio. "Lakini ulimrusha vizuri. Vizuri sana."

Nililia. Nikawaambia akina mama ni dawa ya bwawa.

Jumanne, 6 Mei

Karamu kwa Bibi. Wali mwekundu wa maharage, bilinganya za kuchachua, samaki mzima. Rinon kwenye kiti cha heshima, akiwa Towako. Mimi karibu na mlango, nikiwa Rinon. Waliniuliza habari za Kanazawa, sijawahi kufika. Nikasema kuna baridi na paka waoga.

Bibi amenisamehe, na amenipa njia ya kutokea. Mjanja huyu mwanamke. Jikoni alinieleza: mwezi ujao atasema Towako ameumia goti, ameacha kuruka, sasa anabeba. Uongo unazikwa, hakuna anayeaibika, naweza kuja nyumbani kwa sura yangu, na wakiishangaa atawaambia macho yao yamezeeka. Sharti ni moja tu: nifunge mdomo mpaka wageni waondoke. Nikaapa. Nilimaanisha. Nilirudi kukaa nikiwa mtu mpya.

Mama Nakatsuji, ambaye akijua jambo soko zima limelijua, akanisogelea. Akanimiminia chai. Akaniambia kwa huruma nyingi: "Na wewe binti, mwenzio ndiyo hivyo anapaa. Wewe kazi yako ni nini pale?"

Niliangalia bilinganya yangu. Bibi alikuwa akinitumbulia macho kutoka upande wa pili wa meza. Lakini ile huruma! Alikuwa hata ananipapasa mkono.

Nikamwambia mimi ndiye kocha.

Juni klabu yetu ina onyesho, na wanakuja wote kuniona nikifoka. Nimeshaanza kujizoeza mbele ya kioo, na kusema kweli, sauti ninayo.