Mimi, Chugg wa Sita

Jumanne, 2 Septemba

Mazoezi ya kengele kwenye mnara wa kanisa. Walter hakuja. Nyonga imemwisha, daktari amemkataza ngazi. Na ngazi za mnara wetu ni za kuzunguka, nyembamba, hata paka huzipanda kwa kufikiri.

Huzuni kubwa kijijini. Ila nitasema kweli kwa kuwa hakuna anayesoma hapa: moyo wangu uliruka kama mbuzi.

Sababu ni hii. Bibi Winnie Chugg, kapteni wa mnara, mwezi huu anatimiza miaka themanini na moja, na amesema ataitundika kamba yake. Kabla ya hapo anataka jambo moja tu: kengele zote sita zipigwe na akina Chugg watupu, mlio mkuu, kwa muda wa saa tatu bila kupumzika. Sisi akina Smith tungeweza kufanya hivyo kila wiki, maana nchi hii tumeijaza kama magugu. Lakini Chugg! Jina adimu. Wenye jina hilo wilayani wanaenea kwenye meza moja ya baa, na wanaojua kupiga kengele ni Winnie, wanawe pacha Roger na Gerald wenye ng'ombe wa maziwa, binti yake Hazel anayeendesha basi la shule, mjukuu wake Bryony fundi wa matrekta, na shemeji yake Walter. Toa Walter. Kamba moja imebaki inaning'inia.

Mlio mkuu ukikamilika, majina ya wapigaji huandikwa kwa rangi ya dhahabu kwenye ubao, na ubao hutundikwa mnarani milele. Mbao za tangu enzi za babu wa babu ziko kule. Chugg, Chugg, Chugg. Smith hata wa dawa. Nimepiga kengele hapa miaka kumi na minane na sijakamilisha mlio mkuu hata mmoja. Mtu mmoja akikosea, yote yanafutika, na kila mara kuna mtu anayekosea. Clive Pottinger husema mtu huyo ni mimi.

Clive: mpigaji mwenzetu, daktari wa meno mstaafu, kahamia hapa kutoka Cornwall. Hupaka jemu kwenye skonzi kwanza, ndipo krimu juu yake. Hapa Devon, ambako krimu hutangulia! Sina la kuongeza.

Jumatano, 3 Septemba

Mbinu imepatikana. Kwa nini nisiwe Chugg? Tena wa damu. Nani anajua bibi zangu walikuwa akina nani? Mimi mwenyewe sijui.

Nikaenda makaburini kutafuta bibi. Mvua. Chini ya mti mkongwe nikakuta jiwe: JEMIMA CHUGG. Maneno mengine yamefunikwa na kuvu. Ya nini kukwangua? Jina nimelipata. Jemima, mama wa bibi yangu, pumzika kwa amani.

Jioni baa. Nikawatobolea Roger na Gerald siri ya ukoo wangu, kwa sauti ya mtu aliyebeba mzigo miaka mingi. Roger akatikisa kichwa. Gerald akaweka chini glasi yake ya sida, pombe ya tufaha, akanitazama vile anavyotazama ng'ombe aliyeingia zizi lisilo lake. Halafu akaninunulia kinywaji. "Kama ndugu," akasema, "basi kunywa, ndugu." Waungwana hawa! Hawana maneno mengi, lakini glasi haikai tupu mbele yao.

Clive alikuwa pembeni akila karanga. Akauliza huyo Jemima alizaa watoto wangapi. Nikamjibu kwamba zamani watu walikuwa hawahesabu.

Alhamisi, 4 Septemba

Fedheha. Natamani ardhi ipasuke.

Asubuhi nilimwona Bibi Winnie makaburini na ndoo na brashi, amepiga magoti kwenye majani mabichi, analisugua jiwe la Jemima. Nikajikokota hadi pale. Sasa lasomeka lote. Jemima alikufa kwa homa akiwa na miaka sita.

Nikangoja kutukanwa. Ningekuwa mimi ningetukana. Winnie humwita kila mtu mpenzi, hata anayekuja kusoma mita ya umeme, na leo hakubadilika. Alisema, "Asante, mpenzi. Huyu mtoto tulikuwa tumemsahau kabisa." Akaniomba nimshike mkono asimame. Jioni nikapita tena. Kila Chugg alikuwa ameleta ua lake. La Bryony lilikuwa limefungwa kwa waya wa trekta.

Sasa ni usiku wa manane, na haya imeninyima usingizi. Kisha, katika kukosa usingizi huko, nikapata mbinu bora zaidi.

Ijumaa, 5 Septemba

Sheria ya nchi hii ni tamu ajabu. Mtu mzima anaandika karatasi kwamba kuanzia leo yeye ni fulani, mashahidi wawili wanatia sahihi, basi. Ni fulani. Mashahidi wangu: dada wa baa, na bwana aliyekuja kuzibua bomba la baa. Wa kwanza alicheka. Wa pili aliuliza kama natoroka polisi.

Desmond Chugg! Nimeliandika nyuma ya bahasha, nyuma ya bili ya gesi, na kwenye mvuke wa kioo bafuni.

Mke wangu Maureen hakufurahi. Alisema alikubali kuwa Bibi Smith kwa uvumilivu, na uvumilivu huo ameshautumia wote. Mimi nikitaka niitwe Chugg au niitwe Kabichi ni shauri yangu, ila yeye hahami. Kwa hiyo nyumba yetu sasa ina majina mawili mlangoni. Jirani amemuuliza kama amepata mpangaji. Maureen akasema ndiyo, na halipi.

Jumapili, 7 Septemba

Baada ya ibada nikamkabidhi Bibi Winnie karatasi. Nilikuwa nimeandaa hotuba. Nikasahau mwanzo nikaanzia katikati.

Alisoma kwa miwani, halafu bila miwani. Kisha akaniambia jambo. Yeye mwenyewe alizaliwa Smith. Winnie! Smith kabisa, baba yake muuza samaki wa mji wa jirani. Jina la Chugg alilipata kwa kuolewa. Na Walter je? Walter aliletwa na treni kutoka London wakati wa vita, mtoto wa miaka minne, kipande cha karatasi kimefungwa kwenye koti. Mabomu yalipokwisha, watoto wengine walichukuliwa. Yeye hakuna aliyekuja. Mzee Chugg wa siku hizo akasema basi, kitanda tunacho, na kamba ya pili haina mtu.

"Sisi hatukuwa wengi kamwe, mpenzi," Winnie akasema. "Tungechagua damu tungekwisha zamani. Anayepanda ngazi kila Jumanne na kushika kamba yake, huyo ndiye."

Machozi yalinilenga. Naandika hapa bila aibu: sijaona watu kama hawa. Jina lao ni fupi, lakini ndani yake pana nafasi.

Mwisho wa maneno yake sikuyasikia vizuri. Nilikuwa nawaza kama D. Chugg litakaa juu ya ubao au chini.

Jumanne, 9 Septemba

Mazoezi. Nimepewa kamba ya Walter. Walter mwenyewe kaketi chini makaburini kwenye kiti cha kukunja, chupa ya chai magotini, anasikiliza. Nikichelewa hata kidogo, sauti inapanda kupitia dirishani: "Namba mbili! Umelala?"

Wote wananisaidia. Hazel amenipitisha zamu zote za kengele yangu ndani ya basi lake tupu, akipiga honi kila ninapokosea. Bryony amepaka grisi gurudumu la kengele yangu. Roger na Gerald wameniambia kwa pamoja maneno matatu: usivute kwa pupa.

Nao wana haki. Kengele zetu husimama mdomo juu kabla ya kila mpigo, na kinachoizuia kila moja isipitilize ni kipande kimoja tu cha mti, kinene kama mkono. Ukivuta kwa pupa, mti unakatika, kengele inazunguka itakavyo, na kamba inakupeleka darini.

Clive alitazama akiwa na kamba ya akiba mkononi. Alisema kwa upole wa daktari wa meno kwamba mkamia maji hayanywi. Wivu! Unamtoka hadi masikioni.

Jumamosi, 13 Septemba

Siwezi kukaa. Naandika nimesimama.

Tulianza baada ya chai ya asubuhi. Winnie akasema neno moja, kengele yake ikaenda, zetu zikafuata. Na ajabu: nilikuwa sawa! Saa ya kwanza sawa. Saa ya pili sawa, jasho hadi soksini, lakini sawa. Laiti mtu angemwona Winnie. Mikono ya mama mzee, mifupa mitupu, na kengele nzito ile inakwenda na kurudi kama imeitwa kwa jina. Hatazami kamba. Anatutazama sisi, mmoja mmoja, na ukitazamwa naye huwezi kupotea. Bryony anapiga kama bibi yake, kidevu juu vilevile. Nikawaza: hawa ni watu, na leo mimi ni mmoja wao.

Zilibaki dakika kumi. Kumi!

Macho yangu yakaenda ukutani, kwenye nafasi tupu kati ya mbao mbili, mahali ambapo wetu ungekaa. Pakavu. Panapigwa na mwanga wa dirisha. Nikawaza, pazuri, ila juu kidogo. Nikanyanyua kidevu kupima. Na mikono nayo ikanyanyua na kuvuta, kwa pupa.

Kishindo. Mti umekatika. Sakafu ikaniacha. Niliona vumbi la juu ya kabati, ambalo Maureen siku zote husema liko. Kichwa kikagusa dari, nikaachia, nikashuka kwa makalio juu ya bati la keki ya sherehe.

Kengele zikanyamaza moja moja. Kisha kutoka makaburini, kupitia dirishani, sauti ya Walter:

"SMITH!"

Nikafunika uso. Nilikuwa nimemwibia mama wa watu jambo lake la mwisho. Nikaomba radhi nikiwa ndani ya keki. Nikasikia mlio wa ajabu, nikajua analia. Nikachungulia kati ya vidole. Winnie ameketi sakafuni, mgongo ukutani, anacheka hadi meno ya bandia yanamtoka. Akicheka yeye, akacheka Hazel, wakacheka pacha, ambao sijawahi kuwasikia.

Alipopata pumzi alifuta macho akasema haiwezekani. Mtu hatundiki kamba yake siku ya kichekesho kama hiki. Atapiga mwaka mwingine. Mwakani tutajaribu tena, na mimi nifungwe jiwe miguuni.

Mwaka mwingine! Hazel akamkumbatia mama yake. Gerald akatazama nje ya dirisha kwa muda mrefu akisafisha pua. Kumbe wote walikuwa wakiiogopa siku hii, na hakuna aliyethubutu kumwambia.

Nimefikiri sana tangu nirudi nyumbani. Kama nisingevunja ule mti, Winnie angestaafu leo. Kwa maana nyingine mnara nimeuokoa mimi. Maureen, akinipaka dawa, alisema hiyo si maana nyingine, hiyo si maana kabisa.

Jumanne, 16 Septemba

Siku kuu maishani mwangu. Kisha msiba.

Kwanza siku kuu. Nilipanda ngazi polepole kwa sababu ya makalio, nikakuta wote wamejipanga. Gerald akanipa kitu kilichofungwa gazeti. Ule mti niliouvunja! Umepigwa msasa, umepakwa rangi nyeusi, na juu yake Roger ameandika kwa dhahabu, mkono mzuri kuliko wa mbao zote: D. CHUGG. ALIPAA. Gerald akasema ukutani hauwezi kwenda, kanuni ni kanuni, lakini nyumbani kwangu ni ruhusa. Nimeshautundika juu ya meko. Hata Maureen ameufuta vumbi, na hakuna vumbi.

Sasa msiba. Mazoezi yalipokwisha, Clive alikohoa, akatoa karatasi mfukoni. Mashahidi wawili. Dada wa baa. Bwana wa bomba. Kuanzia Ijumaa iliyopita yeye ni Clive Chugg!

Nikangoja radi ishuke. Winnie akavaa miwani, akasoma, akavua miwani, akambusu shavuni. "Karibu nyumbani, mpenzi," akasema. Na maneno yaleyale: anayepanda ngazi kila Jumanne. Hazel akamkatia skonzi. Akapaka jemu kwanza. Mbele ya familia! Hakuna aliyemkemea.

Sasa tuko saba kwa kengele sita, na kamba ya pili mwakani atapewa atakayekosea kidogo kati yangu na Clive. Huyo mtu hakosei.

Sitakubali. Nimemwandikia mchungaji. Nimemwandikia askofu. Inawezekanaje mtu akaamka tu asubuhi, akaandika karatasi baa, akajitia kwenye ukoo wa watu kwa ajili ya ubao? Aibu hana? Nimewaomba waweke kanuni, jina liende kwa damu, au angalau kwa waliolichukua kabla ya tarehe sita Septemba. Sisi akina Chugg ni watu wa kale. Hatuwezi kugeuzwa jamvi la wageni.

Nilimsomea Maureen barua yote. Alinisikiliza hadi mwisho, akasema nyani haoni kundule.

Kweli kabisa. Clive ndivyo alivyo.