Hotuba ya Kufungua Chumba cha Vitabu vya Topolojia

Mheshimiwa Mimi Mwenyewe, Mgeni Rasmi. Waheshimiwa Manaibu wangu na Makaimu wa Manaibu walio safarini. Kamati ya Viti na Kamati Ndogo ya Kivuli cha Viti. Na wewe Mama wa Mwanahisabati, uliyekaa mbele na mfuko mtupu mapajani: itifaki imezingatiwa! (Makofi. Mama anainua mkono.)

Shusha mkono, Mama, maswali baadaye. Ndugu wananchi, miaka miwili iliyopita ofisi yangu iliazima vitabu vinne alivyoviandika binti wa mama huyu, vya topolojia, yaani elimu ya maumbo yanayovutwa na kukunjwa bila kuchanika, nami nikavisoma vyote kwa dakika kumi na moja, nikatambua kwamba mradi huu nao tumeuvuta, tumeukunja, tumeupinda, na mpaka leo haujachanika! (Vigelegele.)

Tena binti anaandika habari za mafungu ya nyuzi, kwamba juu ya kila nukta umesimama uzi wake; ndiyo sera yetu hiyo, juu ya kila mwananchi amesimama ofisa wake, na utekelezaji umefikia asilimia mia moja na nne! (Makofi machache.)

(Mama: "Mheshimiwa baba'ngu, Jumatatu chuoni wanataka kuviona vitabu ndipo wampe binti yangu kazi. Nakala nyingine hana! Hata chakula hakimpiti kooni.")

Mama, haraka haraka haina baraka.

(Mama: "Na ngojangoja huumiza matumbo!" Kicheko.)

Chumba cha Vitabu, juu! (Juu!) Rafu, juu! (Juu!) Mimi, juu zaidi! (Kimya.)

Kwa kuhitimisha, namshukuru seremala kwa kuzichora rafu vizuri, namshukuru mlinzi aliyetunza ufunguo miaka miwili, na nawashukuru ninyi nyote mliopiga makofi nilipokata utepe kati ya nguzo mbili, bila hata mmoja kuuliza mbona nyuma ya utepe kuna majani matupu, wala tofali la kusingiziwa hamna.

Na vitabu, Mama, usihofu, viko salama. Mimbari hii waliitengeneza ndefu, nami Mungu alinipimia kimo kwa kijiko. Nimevikanyaga kwa heshima, na viatu nilivipangusa. Nipe mkono nishuke, mama yangu.

(Mama anampa mkono. Anavipangusa vitabu, anahesabu vinne, anavitia mfukoni, anaondoka mbio. Mheshimiwa haonekani tena. Nyuma ya mimbari inasikika sauti: "Asanteni kwa kunisikiliza!")