Uzinduzi wa Paa Jipya la Mtakatifu Zita, Kaloleni

Mheshimiwa Baba Paroko, Padre Mumo. Mwenyekiti wa baraza la parokia, Mama Truphena. Kina mama mliopendeza kwa sare. Wanaume mlioketi nyuma karibu na mlango kwa sababu mnazozijua wenyewe. Kwaya iliyoimba jina langu mara tatu na kulikosea mara mbili tu. Wageni wetu kutoka Umoja na hata Njiru. Itifaki yote izingatiwe, na ambaye sikumtaja ajihesabu ametajwa: Tumsifu Yesu Kristo! (Milele na milele, amina!) Mimi ni Mhandisi Kilonzo Ndete, Kaimu Naibu Mratibu Mwandamizi wa Mapaa, Dari na Masuala Mtambuka ya Majengo ya Kale, na nimekuja Kaloleni mimi mwenyewe, kwa miguu yangu, kutoka kwenye gari hadi mlangoni, ili kuzindua rasmi paa jipya la kanisa hili la kihistoria. (Makofi. Mmoja anatazama juu. Wengi wanatazama juu.)

Kanisa hili, kwa mujibu wa feasibility study ambayo nimeisoma jalada lote la mbele, lilijengwa mwaka wa 1949 na wafanyakazi wa reli na wa baraza la mji, waliokuja hapa kila Jumamosi baada ya zamu, mikono ikiwa bado na grisi, wakabeba mawe kutoka Njiru, wakainua boriti za reli kuukuu, na hata kengele wakaitengeneza kwa kipande cha reli kinachogongwa kwa spana mpaka leo. (Dada Clare, mgonga kengele, anainua spana yake. Vigelegele.) Huu ni usanifu wa hali ya juu, wa Kigothi upande wa kushoto na wa kisasa upande wa kulia, wenye nguzo kumi na mbili (Sauti: "Ni kumi!"), naam, kumi za sasa, na mbili zilizo kwenye strategic plan.

Na nani asiyevijua vituo vyetu kumi na vinne vya Njia ya Msalaba, vilivyochongwa kwa mbao za muhugu na marehemu Mutisya, seremala wa mabehewa, baba yake Mzee Kivuva aliyeketi pale mbele? Katika kituo cha tano Simoni Mkirene amevaa kofia ya reli, na ofisi yangu iliwahi kuuliza kwa barua kama kofia hiyo ilitolewa kwa kufuata utaratibu. (Kicheko.) Mzee Kivuva naye ameniandikia barua kumi na moja kuhusu kituo cha kumi na mbili, kwamba maji yanamchuruzikia Bwana wetu pale msalabani na mti umeanza kuoza. Mzee, barua zako ninazo zote, katika faili nzuri sana, na faili haijalowa hata kidogo. (Mzee Kivuva hacheki.)

Lakini kilichonigusa zaidi asubuhi hii ni mabeseni. Nimeingia nikakuta mabeseni arobaini na moja yamepangwa kati ya viti, mekundu, ya samawati, na karai moja kubwa la familia ya Wanza, nikaambiwa kila nyumba huja Misa na beseni lake na kila beseni lina mahali pake. Ndugu zangu, mimi ni mtu wa ofisi lakini nina moyo. Zawadi nyingi namna hii sikuzitarajia! (Kicheko kinaanza kwa kina mama na kuenea hadi mlangoni.) Dereva wangu atayapakia yote nyuma ya gari. (Mama Truphena: "Mheshimiwa, hayo ni ya mvua.")

(Ngurumo. Matone yanaanza. Beseni la kwanza linalia, la tatu, kisha yote kwa pamoja.)

Ya mvua, ndiyo! Rainwater harvesting, ambayo pia ni mradi wangu! (Kijana wa kwaya: "Mhesh, tuambie tu, paa iko wapi?") Swali zuri sana, kijana. Paa limekamilika kwa asilimia tisini na saba. Asilimia tatu zilizobaki ni vitu vidogo vidogo, yaani mbao, mabati, misumari na fundi.

(Mzee Kivuva anainuka, anakwenda kwenye kituo cha kumi na mbili na kuufunika uso wa Yesu kwa kofia yake. "Mheshimiwa, baba yangu alichonga uso huu miezi minane. Mimi sitaki hotuba. Nataka kitu cha kuziba pale juu, leo hii.")

Mzee wangu, hapo umenishika. Sina... (Fundi Mutie, kutoka nyuma: "Na hicho kibao kilicho nyuma ya pazia ni cha nini?") Hicho ni kibao cha uzinduzi, fundi, cha bati zito, mita moja kwa mbili, chenye jina langu na vyeo vyangu vyote kwa rangi ya dhahabu, na bado sijavuta pazia, tafadhali, kuna program... (Pazia limevutwa. Fundi Mutie ametoka na kibao mlangoni. Ngazi inasikika ukutani, kisha nyundo. Mchirizi juu ya kituo cha kumi na mbili unapungua, unakoma. Vigelegele vya kutikisa madirisha.)

Wamekipigilia maandishi yakitazama chini! Oneni wenyewe, kupitia tundu linasomeka neno moja tu, "KAIMU", lakini limeandikwa vizuri. Sijawahi kufurahi hivi kazini, nasema kweli. Zita hoyee! (Hoyee!) Paa juu! (Maji chini!) Hapana, hamkupaswa kuitikia hivyo. Kwa kumalizia, namshukuru Fundi Mutie. Namshukuru Mzee Kivuva kwa barua ya kumi na mbili, aliyoniletea kwa mdomo. Na nawashukuru ninyi nyote mliokuja kuzindua paa hili jipya, ambalo bati lake la kwanza, na nikiri mbele ya altare kuwa ndilo la pekee, ni kibao cha kulizindua.

(Mzee Kivuva anachukua kofia yake na kuivaa. Mama Truphena anampa mheshimiwa beseni la samawati.)

Asante, mama. Nikae nalo wapi? ("Hapo hapo uliposimama, mwanangu. Tundu lako ni hilo.")